Mkwe Aliyeliliwa Akiwa Hai

Mwaka 2014, katika majira ya machipuko, nilipokuwa na umri wa miaka arobaini na tisa, mwanangu wa pekee alisogeza sahani yake kando, mezani petu Acocks Green, Birmingham, akaniambia kwamba amepata kazi Jakarta. Nilimuuliza ni kazi gani. Akasema ni ya filamu za mapigano. Nikamuuliza atakuwa nani katika hizo filamu. Alifikiri kidogo, maana nilimlea asiseme uongo mezani, kisha akajibu, “Nitakuwa mlinzi wa tatu, Mama. Naingia, napigwa, naanguka kwenye ngazi.”

“Halafu?”

“Halafu basi. Nimekufa.”

Miaka ninaitaja kwa uhakika kwa sababu ninayo sababu. Siku yangu ya kuzaliwa haikuandikwa popote. Karani wa pasipoti aliikadiria tarehe mosi Januari 1965, na tangu siku hiyo sijakubali tarehe nyingine yoyote ya maisha yangu ikadiriwe na mtu. Niliacha shule nikiwa darasa la nne. Nilirudi darasani nikiwa na miaka arobaini na mmoja, jioni, baada ya zamu zangu katika nyumba ya kulelea wazee, nami nikapokea stashahada yangu tarehe 6 Julai 2012. Mume wangu hakuiona. Alifariki tarehe 17 Machi 2009, siku ya Jumanne. Sikuolewa tena, wala sikumwomba mtu yeyote anishikie upande mmoja wa mzigo wangu.

Ni mume wangu aliyempeleka mtoto kwenye silat. Kijana alikuwa na miaka kumi na mitano na alikuwa amekwisha kutuvunjia viti viwili kwa kurukaruka. Huko mtaa wa Alum Rock, juu ya duka la vitambaa, palikuwa na mwalimu kutoka Sumatra, mzee mfupi mwenye sauti ya upole, aliyefundisha mchezo huo wa mapigano wa kwao. Mume wangu alisema heri mtoto avunjevunje vitu mahali ambapo watu wamekubali. Miaka tisa baadaye mzee huyo ndiye aliyewapigia simu jamaa zake wa Jakarta, waliokuwa wakitafuta mtu mrefu, mweusi, anayejua silat kweli na ambaye hatalalamika.

Aliondoka mwezi Mei. Alinisimulia kwamba majuma ya kwanza aliokolewa na maneno yetu wenyewe, kwa kuwa Waindonesia nao husema dunia wakimaanisha dunia, na bendera wakimaanisha bendera. Nilimwambia kwa maneno hayo mawili anaweza kuwa balozi, lakini hawezi kuagiza chakula.

Filamu yake ya kwanza tuliitazama nyumbani kwangu Jumamosi moja, mimi na jirani yangu, mwanamke wa Tanga aliyehamia mtaa wetu mwaka mmoja na sisi, pamoja na binamu ya marehemu mume wangu, aliyekuja kutoka Leicester akiwa amevaa suti. Nilipika chapati kama za sikukuu. Kabla sijamaliza kumimina chai, kijana akaingia mlangoni, akapigwa, akaanguka kwenye ngazi.

Jirani yangu alishusha kikombe. “Ndiye yule?”

“Ndiye.”

“Basi ndiyo kwisha?”

“Kwake yeye, ndiyo.”

“Dada, mbona hata hatujakaa vizuri. Rudisha nyuma basi, tumwone akiwa hai.”

Tulimrudisha nyuma mara kadhaa. Kila mara alipanda ngazi kinyumenyume, akawa mzima, na kila mara binamu alipiga makofi.

Nilikuja kuelewa kwamba katika kazi ile cheo cha mtu hupimwa kwa muda anaoachwa hai. Mwaka 2014 mwanangu alikufa kabla ya majina ya waigizaji ya mwanzoni kumalizika kupita. Mwaka 2017 alifika katikati ya filamu, na alipewa sentensi moja ya kusema, ambayo niliikariri bila kujua maana yake. Mwaka 2019 mhusika wake alikuwa na jina na gari, akauawa na mtu muhimu, jambo ambalo alinieleza ni heshima kubwa. Kazini kwangu wenzangu waliniuliza, “Safari hii amefika wapi?” nami nilijibu nikiwa nimenyoosha mgongo, kama mama mwingine anavyotangaza kwamba mwanawe amefanywa meneja.

Jirani yangu pekee ndiye hakufurahi moja kwa moja. Alisema kuigiza maiti ni uchuro, na kwamba mauti hayapendi kuitwa na mtu ambaye hayahitaji. Nilimjibu kwamba kama mauti yangekuwa yanakuja kwa kuitwa, nyumba ya wazee ninayofanyia kazi ingekuwa tupu kufikia saa nne asubuhi, kwa jinsi wazee wale wanavyoyaita wakingoja chai.

Mwaka 2021 kijana alirudi likizo akiwa na jeraha la goti, na nesi aliyemtibu hospitalini alimuuliza ameumia wapi. Akasema ameruka kutoka ghorofani. Nesi akamuuliza kwa nini. Mazungumzo yao yalianzia hapo, na kufikia mwaka uliofuata kijana aliniambia anataka kuoa. Msichana alikuwa wa kwetu, yaani wazazi wake walitoka sehemu zile zile za Kenya tulikotoka sisi, ingawa yeye alizaliwa hapa. Baba yake alikuwa dereva mstaafu wa basi la jiji, na mzee wa kanisa, mwenye nyumba Great Barr karibu na barabara kuu ya magari. Nilifurahi sana.

Jumamosi tarehe 12 Novemba 2022 tulikwenda kuposa. Kwa desturi yetu mama wa kijana hasemi siku hiyo. Husema mwanamume wa upande wa baba, na kwa kuwa mume wangu hayupo, ikawa ni yule binamu wa Leicester. Binamu ni msemaji hodari pale ambapo hapaulizwi maswali. Alisifu ukoo wetu vizuri kabisa, kisha mwenyeji wetu akakunja mikono kifuani.

“Tumesikia. Sasa, huyu kijana anafanya kazi gani?”

“Yuko kwenye mambo ya filamu, Mzee. Nchi za nje.”

“Anafanya nini kwenye hizo filamu?”

“Ni mwigizaji.”

“Anaigiza nini?”

Binamu alinitazama. Mimi nilitazama pazia, kwa kuwa desturi ni desturi.

“Huwa anakufa,” binamu akasema.

“Kila mara?”

“Kufikia sasa, ndiyo.”

Upande wa jikoni mtu alianza kukohoa, nami nikajua ni bi arusi wetu. Mwanangu aliketi wima akitazama viatu vyake.

“Mimi,” mzee akasema, “nimeendesha basi katika mji huu maisha yangu yote ya kazi. Nia yangu ilikuwa moja tu, kila aliyepanda ashuke mzima. Hata kioo cha pembeni sikuwahi kukikwaruza. Leo mnaniletea mtu anayelipwa kupita dirishani bila kulifungua.”

“Ni kioo cha kuigizia, cha sukari, Mzee,” mwanangu akasema taratibu.

“Hicho cha sukari sikatai. Lakini hizo ghorofa nazo ni za sukari?” Akageukia wageni wote. “Sikatai posa. Wala sikubali. Nitatafakari. Sitaki binti yangu awe mjane kabla hajazoea kuwa mke.”

Neno hilo, mjane, alilitamka kama vile hapakuwa na mjane chumbani mwake. Nilivaa koti langu, nikaaga kwa adabu. Ndani ya gari binamu aliniomba radhi kuanzia Great Barr hadi Acocks Green.

Novemba ikaisha, Desemba ikaisha, jibu halikuja. Mwanangu alirudi Jakarta kuanza filamu mpya, na alinipigia simu karibu kila siku akijifanya anauliza habari za hali ya hewa. “Mzee amesema nini?” ndilo lililokuwa swali lenyewe. Msichana naye alikuja kwangu baada ya zamu zake, akaketi jikoni, akanisaidia kukanda unga. Alikuwa ameapa hataolewa bila baraka ya baba yake, na nilimheshimu kwa hilo, ingawa lilinikosesha usingizi.

Katika filamu hiyo mpya mwanangu alipanda cheo kupita kiasi, kwa kuwa mhusika wake hakuuawa tu bali alizikwa kwa heshima. Huko Indonesia, penye msiba na penye harusi vilevile, watu huleta mbao kubwa zilizopambwa maua, ndefu kama mlango, zikasimamishwa nje ya nyumba. Mafundi wa filamu walitengeneza moja yenye picha kubwa ya uso wa mwanangu. Akafurahishwa nayo. Akaipiga picha, jeneza likionekana kwa nyuma, akaiweka kwenye status ya simu yake ili marafiki waione.

Watu wetu wa Birmingham waliiona Ijumaa jioni. Maandishi yalikuwa ya Kiindonesia, hakuna aliyeyasoma, lakini maua, jeneza na picha havihitaji mkalimani. Lazima nieleze jambo hapa, la sivyo hakuna atakayeamini kilichofuata. Kwetu msiba hauulizwi kwa simu. Ukisikia, unainuka, unabeba ulicho nacho, unakwenda. Tena mama wa marehemu haambiwi na yeyote aliyetangulia kufika. Watu huketi naye, humtuliza kwa kuwapo kwao, mpaka aje mtu mzima mwenye uzito wa kulitamka neno hilo.

Basi Jumamosi tarehe 18 Februari 2023, saa nne asubuhi, nilikuwa nasugua jiko aliposimama mlangoni jirani yangu wa Tanga na chupa kubwa ya chai. Nyuma yake wakaja manesi wawili waliokuwa wametoka zamu ya usiku, kisha akina mama wa kanisa na sufuria, kisha binamu kutoka Leicester katika suti nyeusi, kisha viti vya kukunja. Nami, Mungu anisamehe, niliona jambo moja tu akilini. Mzee wa Great Barr amekubali, amewatuma watu wanishtukize kwa furaha.

“Nilijua siku hii itafika,” nikawaambia. “Naingoja tangu Novemba.”

Walitazamana.

“Dada, kaa kwanza,” jirani akasema.

“Nikaeje na nyumba imejaa? Nipe hivyo vikombe. Nyie mmeimeza furaha yenu au vipi? Hebu mtu aimbe.”

Waliimba, lakini wimbo waliouchagua ulikuwa wa polepole mno kwa shughuli yetu. Nikawaomba wenye kasi. Mama mmoja alitoka nje akilia, na kupitia dirishani nilimsikia akisema, “Haijamwingia. Huwa inakuja baadaye.” Nilidhani anazungumzia chai.

Saa sita mchana mzee wa Great Barr mwenyewe akaingia na wazee wengine wa kanisa, binti yake akiwa bado zamuni hospitalini, hajui lolote. Macho yake yalikuwa mekundu. Alivua kofia, akasimama katikati ya sebule yangu, na nyimbo zikakatika.

“Mama,” akasema, “mlikuja kwangu kwa heshima, nami nikachelewa kuwajibu. Leo najuta. Alikuwa kijana mwenye adabu. Nasema mbele ya hawa wote, alikuwa mkwe wangu.”

“Alikuwa?” nikauliza. “Umebadili nia ukiwa njiani, Mzee?”

Akaketi, akalia kabisa, mtu mzima yule, kofia ikiwa usoni. Binamu akanishika mkono. “Shemeji, kijana ametutoka.”

“Ametoka kwenda wapi? Nimezungumza naye asubuhi, analalamika kwamba mchele wa huko unamnenepesha.”

Nilichukua simu yangu, nikampigia kwa video, nikaiinua ili wote waone. Huko Jakarta ilikuwa saa moja jioni. Uso wake ukatokea, damu ya rangi ikiwa bado haijatoka vizuri kwenye paji la uso, shavu likiwa limejaa wali. Jirani yangu alikaa chini sakafuni bila kutafuta kiti.

“Mama, mbona watu wengi hivyo? Nani amefariki?”

Mzee akashusha kofia.

“Ni wewe,” akasema.

Mwanangu alitafuna, akameza. “Ah. Ile picha.” Kisha akatambua ni nani anayemtazama, akaweka sahani chini haraka. “Shikamoo, Mzee.”

“Marahaba. Uko hai?”

“Niko hai, Mzee. Nimezikwa saa nane, nikaoga.”

Binamu ndiye aliyeanza kucheka, na baada yake hapakuwa na wa kuzuia. Akina mama wakafunua masufuria, nyimbo zikapata kasi niliyoiomba, na manesi wale wawili wakalala kwenye kochi langu wakiwa wameegemeana. Lakini mzee hakucheka. Nilimkuta kwenye kibaraza akifunga vifungo vya koti.

“Mama, umeona sasa. Ndicho nilichokiogopa. Leo nimekionja.”

“Umesema ni mkwe wako, mbele ya watu.”

“Niliyasema kwa marehemu.”

“Marehemu yupi, Mzee?”

Binamu alikuwa ametufuata, akafungua kinywa kunisemea kama desturi inavyotaka. Nilimwomba anyamaze.

“Mzee,” nikasema, “mume wangu alikuwa karani wa ghala. Hakupanda kitu kirefu kuliko kiti. Alifariki siku ya Jumanne akifunga kamba za viatu ili aende kazini. Kama ipo kazi inayomkinga mwanamke asiwe mjane, nitajie, mwanangu aiombe Jumatatu. Lakini kama haipo, usimnyime binti yako miaka yake. Mimi nilipata yangu, na sikuujutia hata mmoja.”

Basi lililokuwa kituoni likaondoka, naye akalifuata kwa macho kwa mazoea.

“Siku ile kwangu,” akasema, “nilitamka neno mbele yako bila kufikiri.”

“Ulilitamka.”

“Nisamehe, Mama.” Akavaa kofia. “Kijana akirudi, aje kwangu. Mtu akililiwa akiwa hai haachwi hivyo hivyo. Sharti aliyemlilia amshike kwa mikono yake.”

Hiyo nayo ni desturi yetu, na yeye ndiye aliyeikumbuka.

Filamu ilimalizika mwezi Juni. Jumamosi tarehe 22 Julai 2023 tulikwenda tena Great Barr. Mzee alitungoja nje ya lango. Alimshika mwanangu mabega, kichwa, mikono, akamzunguka kutoka upande mmoja hadi mwingine akimkagua, na mkewe akaniambia kwa sauti ya chini kwamba hivyo ndivyo alivyokuwa akikagua basi kabla ya kulitoa asubuhi. Aliporidhika hakutuingiza ndani. Alitupeleka bustanini nyuma ya nyumba.

“Anguka nione,” akamwambia.

Mwanangu alivua koti, akaanguka kwenye nyasi kama gunia, akawa amesimama kabla hatujashtuka.

“Tena. Polepole.”

Alianguka polepole, akieleza bega linakwenda wapi, kidevu kinafichwa vipi, mkono unapiga ardhi wakati gani. Mzee aliuliza maswali kama mtu anayenunua kitu. Hatimaye akatueleza kwamba Desemba iliyopita aliteleza kwenye barafu nje ya kanisa, akavunjika kifundo cha mkono, na tangu hapo hutembea wakati wa baridi kama mtu aliyebeba mayai. Akampa mkewe kofia.

“Baba, una miaka sitini na tisa,” mkewe akasema.

“Ndio umri wenyewe wa kuanguka.”

Mara ya kwanza alianguka vibaya, mara ya pili vizuri kidogo, mara ya tatu akabingiria na kuinuka na nyasi mgongoni, akiwa na uso wa mtu aliyepewa leseni. Wazee wawili wa kanisa waliokuwa wamealikwa nao wakavua makoti. Binamu alikataa kwa ajili ya suti.

“Miaka yote hii,” mzee akasema akihema, “mimi nilidhani unasomea kufa.”

“Kufa hakuna masomo, Mzee. Ukishaanguka vizuri unalala tu, unangoja waseme imetosha.”

Tukaingia ndani. Binamu alisimama, akakohoa, akaanza kuusifu ukoo, lakini mwenyeji wetu akainua mkono. “Samahani, ndugu yangu. Safari hii namtaka mama wa kijana aseme mwenyewe. Amekwisha kusema kibarazani kwake, na alisema vizuri.”

Basi nilisimama, nikaomba kwa kinywa changu mwenyewe binti yao awe mke wa mwanangu. Sikuongeza sifa. Mzee akajibu kwamba anakubali, kwa sharti moja. Kila filamu ambayo kijana atakufa ndani yake, yeye apigiwe simu kabla, aelezwe ni siku gani na kwa njia gani. Mwanangu alikubali sharti hilo mbele ya wazee.

Kwa desturi lilibaki jambo moja. Chakula tulichokuja nacho kilikuwa mezani kimefunikwa, na baba hawezi kukigusa mpaka binti ampe ruhusa, kwa kuwa kukila ni kukubali ndoa. Msichana akaitwa, akaja na kusimama mbele ya baba yake. Msichana huyu maisha yake yote alikuwa akimjibu baba yake kwa Kiingereza, lakini siku hiyo alijibu kwa lugha yetu.

“Hawa wageni unawajua?”

“Nawajua.”

“Chakula chao tule?”

“Kuleni, Baba,” akasema.

Mzee akafunua sahani ya kwanza, akachukua kipande, akala. Ilikuwa saa tisa na dakika kumi alasiri.